Daraja la Mto Tay na Vitabu Vyake



Jioni ya leo nataka kuzungumza nanyi habari za daraja moja lililoanguka, na habari za vitabu vilivyoandikwa kwa ajili yake. Daraja hilo lilikuwa mbali nasi, katika nchi ya Uskoti, nalo lilianguka mwaka 1879. Walakini nimelichagua kwa sababu mbili. Kwanza, wengi wenu mmepata kupanda gari la moshi, nanyi mwajua jinsi abiria wanavyonyamaza kidogo gari linapoanza kupita juu ya daraja na sauti ya magurudumu kubadilika. Pili, tangu usiku ule watu hawakuacha kuandika juu ya jambo hilo. Waamuzi wameandika, washairi wameandika, mtunga hadithi ameandika, na wenye elimu ya historia na ya vyuma wameandika. Wote waliuliza: Ni kitu gani kilicholiangusha daraja, na kosa ni la nani? Nao hawakujibu jibu moja. Basi msomaji afanye nini akiona vitabu vyatofautiana? Hilo ndilo ninalotaka tulitazame pamoja. Lakini kwanza tujue mambo yaliyotokea.

Mto Tay huingia katika bahari ya mashariki ya Uskoti karibu na mji wa Dundee. Kabla ya kufika baharini mto hupanuka ukawa kama ghuba, hata mtu akisimama ng'ambo moja huona nyumba za ng'ambo ya pili kuwa ndogo sana. Zamani msafiri wa reli aliyetoka kusini alishuka garini, akavuka kwa chombo, kisha akapanda gari jingine. Kampuni ya reli iliyoitwa North British ilitaka kuondoa taabu hiyo, ikampa kazi ya kuchora daraja injinia mmoja, jina lake Thomas Bouch. Jiwe la msingi liliwekwa mwaka 1871, na abiria wakaanza kupita tarehe 1 Juni 1878. Urefu wa daraja ulikuwa karibu maili mbili, na nafasi baina ya nguzo zilikuwa 85. Wakati ule lilihesabiwa kuwa daraja refu kupita yote duniani.

Katikati ya mto, ili vyombo vyenye milingoti vipate kupita, nafasi 13 ziliinuliwa juu kuliko nyingine, kadiri ya futi 88 juu ya maji yaliyojaa. Mahali pengine gari lilipita juu ya boriti za chuma, bali hapo lilipita ndani yake, kama mtu apitaye katika ujia mwembamba wenye kuta za vyuma. Watu wakaziita boriti za juu. Mwezi wa Juni 1879 Malkia Victoria mwenyewe alipita humo katika safari yake, na mwezi huohuo akampa Bouch heshima ya kuitwa Sir.

Hata ikafika Jumapili, tarehe 28 Desemba 1879. Jioni ile tufani kubwa ilivuma kutoka magharibi, ikalipiga daraja ubavuni. Gari la moshi lilikuwa likija Dundee, yaani injini, mabehewa matano ya abiria, na behewa la mlinzi wa gari nyuma. Katika stesheni ya St Fort, iliyo ya mwisho kabla ya daraja, tiketi za watu wa Dundee zilikusanywa. Saa moja na dakika kumi na tatu usiku gari lilipita penye kibanda cha ishara cha ng'ambo ya kusini. Mwangalizi wa ishara, Thomas Barclay, alimpa mtu wa injini kijiti cha idhini, maana reli ilikuwa moja tu na bila kijiti hicho gari halikuruhusiwa kuingia darajani. Kisha akarudi kibandani. Rafiki yake, John Watt, alikuwa akitazama taa za nyuma za gari. Aliona cheche magurudumuni, kisha mwanga wa ghafula, kisha giza. Barclay akajaribu mashine zake za simu za kupeleka ishara ng'ambo ya pili. Hazikujibu.

Upande wa Dundee, watu wawili wa reli, mkuu wa stesheni James Smith na msimamizi wa injini James Roberts, walitoka kwenda kutazama. Upepo ulikuwa mkali hata Smith akashikwa na kizunguzungu, akarudi. Roberts aliendelea kwa kutambaa, mpaka akaona mbele yake maji yanaruka kutoka katika bomba lililokatika, bomba lililochukua maji kuvuka mto. Mbele ya hapo hapakuwa na reli tena. Boriti za juu zote 13 zilikuwa zimeanguka mtoni, na gari limo ndani yake. Hakupona hata mtu mmoja.

Sasa tuje kwenye vitabu. Kitabu cha kwanza hakikuandikwa ili kiuzwe dukani. Ni taarifa ya baraza la uchunguzi lililowekwa na serikali, pamoja na maneno ya mashahidi yaliyoandikwa swali kwa swali na jibu kwa jibu. Baraza lilikuwa la watu watatu: Rothery, aliyezoea kuchunguza habari za vyombo vilivyopotea baharini, Kanali Yolland, mkaguzi wa reli, na Barlow, rais wa chama cha mainjinia wa ujenzi. Walianza kusikiliza mashahidi Dundee siku chache tu baada ya msiba, na taarifa ikatolewa mwaka 1880.

Ili tuyafahamu maneno ya mashahidi, sharti tujue kwanza jinsi nguzo zilivyofanywa. Hapo mwanzo Bouch alikusudia nguzo za matofali, kwa sababu waliopima chini ya mto walimwambia kwamba kuna mwamba. Walakini kazi ilipoendelea ilionekana kwamba kile walichokidhania mwamba kilikuwa tabaka la changarawe ngumu, na chini yake udongo laini. Ninyi mliosoma Injili mtaikumbuka ile nyumba iliyojengwa juu ya mchanga. Basi Bouch akalazimika kupunguza uzito. Akazifanya nguzo za boriti za juu kwa miguu sita ya chuma cha kusubu, yaani chuma kilichoyeyushwa na kumiminwa katika kalibu. Miguu hiyo ilifungwa pamoja kwa fito za chuma zilizowekwa mshazari, na kila ufito ulishikwa kwa bolti katika sikio la chuma lililosubiwa pamoja na mguu wenyewe. Chuma cha namna hiyo huvumilia sana kikikandamizwa, bali kikivutwa hukatika ghafula. Uzito wa gari uliikandamiza miguu, na hilo halikuwa na hatari. Lakini upepo ulipolisukuma daraja ubavuni, fito zilivuta masikio.

Mbele ya baraza walikuja watu wa kila cheo. Walikuja wapaka rangi waliofanya kazi darajani wakati wa kiangazi cha 1879, wakasema kwamba gari lilipopita daraja lilitikisika. Alikuja bwana Robertson, aliyekuwa zamani mkuu wa mji wa Dundee. Yeye alisema kwamba magari yaliyokwenda kaskazini yalipita kwa mwendo wa kasi kuliko ilivyoruhusiwa, na kwamba alisikia mtikiso, wa juu na chini na wa kando pia. Alimlalamikia mkuu wa stesheni mara tatu. Alipoona mwendo haupungui, aliacha kwenda kaskazini kwa gari, akawa anavuka kwa chombo, ingawa tiketi yake alikwisha ilipia.

Kisha walikuja mafundi waliosubu chuma katika kiwanda kilichokuwa kando ya mto, mahali paitwapo Wormit. Hao walieleza jambo lililowastaajabisha watu. Chuma kikimiminwa vibaya hubaki na matundu ndani yake. Chuma chenye tundu hufaa kuvunjwa na kuyeyushwa tena. Lakini pale kiwandani matundu yalijazwa kwa dawa ya nta, utomvu wa mti, unga wa chuma na masizi, ikasuguliwa mpaka ikang'aa kama chuma chenyewe. Mafundi waliiita yai la Beaumont. Aliyetazama kwa macho aliona mguu mzima, kumbe ndani mna kidonda.

Mwishowe alikuja Henry Noble, aliyewekwa kulitunza daraja. Noble alijua kazi ya matofali na misingi, bali kazi ya vyuma hakufundishwa. Mwezi wa Oktoba 1878 alisikia fito zinagongana, akaona viungo vimelegea. Akapachika vipande vya chuma katika viungo hivyo vikaze, sauti ikakoma. Bouch hakumwarifu. Yeye alidhani amelitengeneza daraja, lakini kulegea kwa viungo kulikuwa dalili ya kwamba nguzo zimeanza kupoteza nguvu zake, na dalili hiyo ikafichwa.

Na Bouch je? Aliulizwa alihesabu nguvu ya upepo kiasi gani alipochora daraja. Akakiri kwamba hakuweka hesabu ya pekee kwa ajili ya upepo. Ilijulikana kwamba mwaka 1873 mnajimu mkuu wa serikali, Sir George Airy, aliulizwa habari za upepo, akajibu kwamba ratili 10 kwa kila futi mraba zingetosha. Walakini swali lile lilihusu daraja jingine, daraja lenye nafasi ndefu mno lililokusudiwa kujengwa juu ya mlango wa mto Forth. Jibu la swali moja lilichukuliwa likatumiwa kwa swali lingine.

Baraza likahukumu kwamba daraja lilichorwa vibaya, likajengwa vibaya na kutunzwa vibaya, na kwamba fito na masikio yake ndiyo yaliyoshindwa na upepo. Hata hivyo waamuzi wenyewe hawakukubaliana katika yote. Rothery aliandika taarifa yake peke yake, akamtwika Bouch sehemu kubwa ya lawama. Yolland na Barlow waliona kwamba si kazi yao kugawanya lawama. Basi angalieni, katika kitabu cha kwanza kabisa majibu yalikuwa mawili. Bouch alikufa tarehe 30 Oktoba 1880, miezi kumi tu baada ya daraja lake kuanguka.

Wakati baraza lilipokuwa likiuliza, washairi walikuwa wamekwisha jibu. Theodor Fontane, mwandishi wa Ujerumani aliyewahi kusafiri katika Uskoti, alitoa shairi lake Januari 1880, msiba ukiwa bado mpya. Katika shairi hilo wachawi watatu, mfano wa wale wa mchezo wa Shakespeare uitwao Macbeth, wanapatana kulivunja daraja. Hakutaka kueleza habari za bolti. Alitaka kusema kwamba kazi za mikono ya wanadamu zaweza kuvunjwa kwa dakika moja. Naye William McGonagall, mfumaji wa nguo wa Dundee, aliyekuwa amekwisha lisifu daraja lilipokuwa zima, alitunga shairi la kulililia. Shairi hilo limejulikana sana, lakini kwa kuchekwa, kwa maana halina mizani na vina vyake vimelazimishwa. Tusimcheke sana, maana yeye aliwalilia watu wa mji wake. Ila kumbukeni jambo moja: McGonagall alihesabu waliokufa kuwa 90. Tutarudi kwenye hesabu hiyo.

Baada ya miaka mingi, mwaka 1931, daktari mmoja wa Uskoti, A. J. Cronin, alitoa kitabu chake cha kwanza cha hadithi, jina lake Hatter's Castle. Ndani yake kijana mmoja amepanda gari lile, naye anakufa pamoja na wenziwe. Kijana huyo hakuwako duniani. Ni wa hadithi tu. Lakini msomaji asomapo huona hofu na baridi ya usiku ule, jambo ambalo taarifa ya baraza haiwezi kumpa. Hadithi njema hutufundisha jinsi mambo yanavyoonekana kwa aliye ndani ya gari. Haitufundishi kwa nini sikio la chuma lilikatika, wala tusiitumie kwa kazi hiyo.

Kisha walikuja waandishi wa historia. Mwaka 1956 John Prebble alitoa kitabu The High Girders, maana yake Boriti za Juu. Yeye alieleza habari zote tangu ujenzi mpaka uchunguzi, kwa namna ambayo msomaji asiye fundi aweza kuifuata, na wengi waliijua ajali hii kwa kitabu chake. Mwaka 1994 David Swinfen, mwalimu wa historia katika chuo kikuu cha Dundee, alitoa The Fall of the Tay Bridge, akazitazama upya hati za zamani. Mwaka 1995 mainjinia wawili, Martin na MacLeod, walipiga hesabu upya kwa njia ambazo watu wa 1880 hawakuwa nazo, wakaona kwamba upepo wa namna ile uliweza kuliangusha daraja. Jambo hili lina maana, kwa sababu mawakili wa Bouch walidai kwamba upepo haukulishinda daraja lenyewe, bali ulitoa behewa moja relini, likagonga boriti, na boriti zikaanguka kwa kugongwa.

Mwaka 2004 Peter Lewis, mwalimu wa elimu ya vyuma, alitoa kitabu kingine. Huyu alichukua picha zilizopigwa kwa ajili ya baraza baada ya ajali, picha za nguzo zilizovunjika na vipande vilivyotawanyika, akazikuza sana kwa mashine za siku hizi. Akatazama sikio baada ya sikio. Akaamua kwamba vyuma havikukatika kwa upepo wa usiku mmoja tu. Vilikuwa vimechoka. Chukua kipande cha waya, ukikunje huku na huku mara nyingi. Utaona kwamba hukatika bila kuvutwa kwa nguvu. Ndivyo alivyosema juu ya masikio yale: kila gari lililopita lililitikisa daraja, na kila mtikiso uliongeza ufa kidogo, mpaka tufani ikakuta kazi imekwisha nusu. Sasa maneno ya wapaka rangi na ya bwana Robertson yakawa na uzito mpya. Mtikiso walioueleza mwaka 1880 ulikuwa sehemu ya ugonjwa wenyewe.

Labda mmoja wenu atasema, "Kama kila kitabu kina neno lake, basi hakuna ukweli." Sivyo. Tazameni hesabu ya waliokufa. McGonagall alisema 90. Baadaye, kwa kuhesabu tiketi zilizokusanywa St Fort, na kukisia wale ambao tiketi zao hazikuchukuliwa, pamoja na watu wa reli, hesabu ikawa 75. Vitabu vingi vilirudia 75, kila mwandishi akimfuata mwenziwe. Walakini miili iliyopatikana ilikuwa 46 tu, kwa sababu mto ulichukua mingine. Hata watu wenye subira wakaanza kutafuta jina kwa jina, katika vyeti vya vifo na habari za jamaa, wakapata watu 59 wanaojulikana kwa hakika. Tarehe 28 Desemba 2013, miaka 134 baada ya msiba, yalifunuliwa mawe ya ukumbusho ng'ambo zote mbili za mto, na majina 59 yamechorwa juu yake. Mshairi aliandika kwa huzuni, wahesabu tiketi wakaandika kwa kukisia, watafuta majina wakaandika kwa kuhakikisha. Ukweli upo, lakini mwenye kuutaka sharti aulize kila aliyesema: wewe umejuaje?

Basi napenda kuwapa wanafunzi maswali matatu, muyaulize kila mnapofungua kitabu cha mambo yaliyopita. La kwanza, kimeandikwa lini, karibu na tukio au mbali nalo? Aliye karibu alisikia sauti za mashahidi. Aliye mbali ana hati na vyombo ambavyo wa karibu hakuwa navyo. La pili, mwandishi alitazama kitu gani hasa: mashahidi, picha, hesabu, au kitabu cha mwenziwe tu? La tatu, alitaka kufanya nini: kuhukumu, kufariji, kusimulia, au kueleza? Mkiuliza hivyo mtaona kwamba vitabu vingi vinavyoonekana kupingana vimesimama mahali mbalimbali tu, kama watu wanaoutazama mlima mmoja kutoka vijiji mbalimbali.

Lakini liko jambo moja ambalo nimelipata katika vitabu vya Mto Tay, nalo ndilo lililonifanya nizungumze nanyi leo. Kabla ya daraja kuanguka, karibu habari zote zilikuwa zimekwisha kujulikana. Msubu chuma alijua habari za yai la Beaumont. Mpaka rangi alijua kwamba daraja latikisika. Abiria alijua kwamba gari lapita mbio. Noble alijua kwamba fito zimelegea. Hata mkaguzi wa serikali, Meja Jenerali Hutchinson, alipolipima daraja Februari 1878, aliandika kwamba angependa kuona gari likipita wakati wa upepo mkali. Mto nao ulikwisha onya, maana Februari 1877 tufani iliangusha boriti mbili za juu zilizokuwa zikipandishwa. Kila mtu alikuwa na kipande chake, na hapakuwa na mtu aliyevikusanya vipande mahali pamoja. Vilikusanywa mwaka 1880 katika taarifa ya baraza, wakati maiti walipokuwa wakitafutwa mtoni.

Kwa hiyo aliyeuliza kosa ni la nani, na akataka jina moja tu, amepoteza sehemu kubwa ya mafundisho. Bouch alikuwa na kosa, tena kubwa, kwa kuwa mkuu wa kazi hujibu kwa kazi yote. Lakini mtu akifunga kitabu akisema, "Bouch ndiye," hatamwona tena msubu chuma aliyeziba tundu, wala mkuu wa stesheni aliyeambiwa mara tatu, wala Noble aliyenyamazisha sauti badala ya kuipeleka mbele. Na wengi wetu, ndugu zangu, hatutajenga daraja lenye urefu wa maili mbili. Tutakuwa kama hao. Tutapewa kazi ndogo ya kutunza, kuhesabu, au kuangalia, na siku moja tutasikia kitu kinagonga mahali kisipopasa.

Yaliyofuata ni haya. Serikali ya Uingereza iliamuru kwamba madaraja ya reli yahesabiwe kustahimili upepo wa ratili 56 kwa kila futi mraba. Kazi ya daraja la Forth ilitolewa mikononi mwa Bouch, ikapewa wengine, na daraja walilolijenga likafunguliwa mwaka 1890. Juu ya Mto Tay lilijengwa daraja la pili, nguzo zake nene zaidi, kwa michoro ya yuleyule Barlow wa baraza pamoja na mwanawe, likafunguliwa mwaka 1887. Nalo lingali likitumika. Kando yake vyaonekana vishina vya nguzo za kale, vimetokeza juu ya maji kwa mstari mmoja. Hata injini iliyozama ilitolewa mtoni. Mkono wa kufungulia mvuke ulikutwa wazi, na breki hazikufungwa. Ni dalili kwamba mwendeshaji hakupata hata nafasi ya kujua. Injini hiyo ikatengenezwa, ikafanya kazi mpaka mwaka 1919, nao watu wa reli wakaiita Mzamiaji.

Wazee wetu walisema, Usipoziba ufa utajenga ukuta. Habari za Mto Tay zatufundisha kuitumia methali hiyo kwa uangalifu, kwa maana hata yai la Beaumont lilikuwa namna ya kuziba ufa. Kuziba ili ufa usionekane si kuutengeneza. Mwenye kuona ufa na amwite mwenye kazi, amwonyeshe, tena auandike kwa tarehe na jina lake, ili habari isibaki kipande kimoja mkononi mwa mtu mmoja. Na asiposikilizwa mara ya kwanza, aandike tena.